Sura ya Marcel Dalio Ilikuwa Mali ya Nani?

Kwa mliokosa kufika Jumamosi: haya ndiyo niliyoyasema mbele ya wasanii wenzangu wa maigizo. Picha nilizoonyesha ukutani nimeziacha, maneno nimeyaweka yote.

Mwenyekiti, wakubwa zangu, shikamooni. Wadogo zangu, habari za jioni.

Naomba nianze na swali. Nani humu ndani amewahi kupewa uhusika kwa sababu ya sura yake tu? Si kwa sauti, si kwa usaili aliofanya vizuri. Sura. Nyoosheni mikono, msione haya, sote hapa ni wa nyumba moja.

Naona. Wewe mzee wangu ni mganga, kila filamu mganga. Dada pale nyuma ni msichana wa kazi, kila filamu anadeki. Na kaka huyu mwenye kifua ni jambazi, tena jambazi anayekufa mapema. Steringi hafi, hilo tumelijua tangu enzi za vibanda vya video. Sisi wengine ndio tunaokufa ili yeye asife.

Leo nimekuja na habari za mtu wa kundi letu. Mfaransa. Jina lake Marcel Dalio. Wengi wenu hamlijui jina, na sishangai. Lakini mmemwona. Nawahakikishia humu ndani wapo waliomwona mara tatu, mara nne, wasijue kwamba ni mtu mmoja.

Dalio alizaliwa Paris, Novemba 1899. Jina la ukoo ni Blauschild, hilo Dalio ni la jukwaani. Wazazi wake walikuwa Wayahudi waliohamia Ufaransa kutoka Romania. Alisomea uigizaji Conservatoire, chuo kikubwa cha sanaa pale Paris, na miaka ya 1920 akawa kwenye maonyesho ya nyimbo na vichekesho, yale ya kumbi za usiku ambako mtazamaji anakula huku anakutazama. Mnazijua kumbi hizo. Ukishaweza kumshika mtu anayetafuna, kamera haikutishi tena.

Sasa mtazameni. Mfupi. Macho makubwa, meusi, yenye mahangaiko hata anapocheka. Nywele nyeusi. Waongozaji wa Paris walipoitazama sura hii waliona nini? Waliona mgeni. Waliona mtu asiyeaminika. Mwaka 1937, katika filamu ya Julien Duvivier inayoitwa Pépé le Moko, Jean Gabin ndiye steringi, jambazi anayependwa na kila mtu katika vichochoro vya Algiers. Dalio yeye akapewa nani? Akapewa L'Arbi, mpelelezi wa polisi, mtu wa kuchoma wenzake. Akiingia tu, kabla hajafungua mdomo, ukumbi mzima unajua kuna mtu atauzwa.

Je, angefanyaje? Angekataa? Kodi ya nyumba inakuja mwisho wa mwezi, sura ikufae au isikufae. Alicheza, na alicheza vizuri.

Lakini mwaka huohuo wa 1937 mtu mwingine aliitazama sura ileile akaona kitu kingine. Mtu huyo ni Jean Renoir, mtoto wa mchoraji Auguste Renoir. Alikuwa anapiga La Grande Illusion, filamu ya wafungwa wa Kifaransa katika Vita vya Kwanza vya Dunia, na akampa Dalio uhusika wa Rosenthal. Rosenthal ni Myahudi, mtoto wa familia tajiri ya benki. Hapo mngetegemea nini? Bahili, sivyo? Renoir akaigeuza. Rosenthal ndiye anayepokea vifurushi vizito vya chakula kutoka nyumbani, naye anawaita wenzake wote mezani. Wafungwa wale wanakula vizuri kuliko askari wa Kijerumani wanaowalinda!

Kuna kipande kimoja nataka mkitafute. Rosenthal na Maréchal, yaani Dalio na Gabin, wametoroka gerezani. Baridi kali, njaa, Rosenthal ameteguka kifundo cha mguu. Anachechemea, anamchelewesha mwenzake. Hapo hasira zinalipuka. Gabin anamtolea yale yaliyokaa moyoni: kwamba hajawahi kuwapenda Wayahudi. Anamwacha, anaondoka. Dalio anabaki amekaa juu ya jiwe. Mwandishi mvivu hapa angemwandikia hotuba ndefu ya machozi. Renoir hakufanya hivyo. Dalio anaanza kuimba. Anaimba wimbo wa watoto wa Kifaransa kuhusu merikebu ndogo, anauimba kwa hasira, kwa sauti ya juu, kama anayerusha mawe. Kamera inamfuata Gabin anayeondoka, na Gabin naye, bila kujijua, anaanza kuuimba wimbo huohuo. Hatua zinapungua. Wimbo unamfia mdomoni. Anarudi.

Hakuna aliyeomba radhi. Wimbo wa watoto umefanya kazi yote. Wadogo zangu, mkiletewa skripti yenye kurasa 2 za “nisamehe ndugu yangu”, mkumbusheni mwandishi merikebu ile.

Na kwa kuwa tupo Afrika, niongeze neno moja, mwenyekiti usiangalie saa kwanza. Katika filamu hiyohiyo yumo mfungwa Mwafrika, ofisa, amekaa mezani anachora. Anamaliza mchoro wake, anawaonyesha wenzake: Haki inaukimbiza Uhalifu. Wanautupia jicho mara moja, wanarudi kwenye ramani yao. Basi. Yule ni Habib Benglia, mzaliwa wa Oran, Algeria. Mwaka 1923 mtu huyu alisimama katika ukumbi wa Odéon, Paris, akacheza uhusika mkuu wa tamthilia ya The Emperor Jones. Uhusika mkuu! Miaka kadhaa baadaye, kwenye filamu ya Les Enfants du paradis, anaonekana kama mhudumu wa bafu. Habari zake zinahitaji jioni yake peke yake. Nimemtaja ili mjue kwamba Dalio hakuwa peke yake katika kupimwa kwa sura.

Turudi. Mwaka 1939 Renoir alifanya jambo la kichaa zaidi. Alikuwa na filamu mpya, La Règle du jeu, yaani kanuni ya mchezo. Watu wa tabaka la juu wamealikwa kwenye jumba la kifahari huko Sologne, wanawinda, wanafumaniana, wanacheza dansi, na mwisho mtu anapigwa risasi. Mwenye jumba ni Robert de la Chesnaye, mwungwana wa cheo cha markizi. Kila mtu Ufaransa alijua markizi anafananaje: mrefu, mweupe, pua imeinuliwa juu, damu ya miaka 500. Renoir akampa nani? Akampa mtoto wa wahamiaji kutoka Romania. Akampa yule mpelelezi wa Algiers.

Na hakuficha. Kuna kipande wahudumu wanakula jikoni wanamsengenya bosi wao, wanakumbushana kwamba babu yake kwa upande wa mama aliitwa Rosenthal, mtu wa Frankfurt. Mnalisikia jina hilo? Ni lile la kwenye filamu ya 1937. Na hapo mpishi anajitosa. Mpishi anasema juzi alimwandalia bosi saladi ya viazi, bosi akamwita akamgombeza, kwa sababu viazi vilivyotoka motoni ilipasa vimwagiwe mvinyo mweupe palepale, vikiwa bado vya moto, na aliyevitengeneza hakutaka kuunguza vidole. Basi mpishi anatoa hukumu: huyu, hata akiwa na asili ya kigeni, ni mtu wa kweli wa daraja la juu. Jikoni hukumu inatolewa kwa viazi! Nimeiangalia filamu hii mara nyingi, na sijaona popote ubaguzi ukichekwa kwa ufundi kama pale.

Halafu kuna kinanda. La Chesnaye anakusanya vinanda na wanasesere wa mitambo, vile vinavyojipiga vyenyewe. Usiku wa sherehe anawaonyesha wageni kinanda chake kipya, kikubwa kama kabati la ukuta, kimejaa taa na sanamu ndogo zinazopiga kengele. Kamera inapita polepole juu ya zile sanamu, moja baada ya nyingine, kisha inamfikia Dalio aliyesimama pembeni. Hasemi neno. Anajipangusa, anatabasamu, tabasamu linaingia aibu, aibu inarudi kuwa fahari. Ni mtu aliyefika kilele cha maisha yake na bado anaogopa kuna atakayemwambia atoke. Sekunde chache tu. Hakuna markizi wa kweli ambaye angeweza kuzicheza sekunde zile. Markizi wa kweli hajawahi kuogopa kutolewa kwake.

Mnaona Renoir alichokifanya? Yale macho ya mahangaiko, ambayo wengine waliyatumia kuonyesha usaliti, yeye aliyatumia kuonyesha moyo. Macho ni yaleyale.

Mwishoni mtu ameshakufa, na La Chesnaye anasimama kwenye ngazi za jumba anawaambia wageni kwamba imetokea ajali ya kusikitisha. Ni uongo, na anausema kwa adabu iliyonyooka mpaka jenerali mmoja mzee anammwagia sifa: mtu huyu ana hadhi, na siku hizi watu wa namna hiyo wamekuwa adimu.

Filamu ilizinduliwa Paris Julai 1939. Watu walizomea. Renoir mwenyewe alisimulia kwamba alimwona mtazamaji akiwasha gazeti ili achome ukumbi. Sababu zilikuwa nyingi, na mojawapo ilikuwa hiyo sura: Myahudi awe markizi? Wakaikata, wakaikata tena, haikusaidia, na miezi michache baadaye serikali ikaipiga marufuku kwamba inavunja moyo wa taifa. Mwaka 1942 mabomu ya Washirika yakaangukia maabara, negativu yake, yaani mkanda wa asili wa kutolea nakala, ikateketea. Kazi kubwa kuliko zote za Dalio ikawa majivu.

Wengine mnajua kilichofuata, niharakishe: watu wawili, Jean Gaborit na Jacques Durand, walikusanya vipande vilivyosalia wakaiunga upya, na mwaka 1959 ikaonyeshwa Venice. Leo inatajwa kati ya filamu kubwa za dunia. Miaka 20, ndugu zangu. Kati ya hapo Dalio alikuwa wapi?

Hapa ndipo penye uzito. Juni 1940 Wajerumani waliingia Paris. Dalio alikuwa ameshaondoka na mke wake, Madeleine Lebeau, mwigizaji pia, binti ambaye alikuwa hata hajafika miaka 18. Inaaminika walipata viza kwa Aristides de Sousa Mendes, balozi mdogo wa Ureno mjini Bordeaux, mtu aliyewagongea wakimbizi mihuri kinyume na amri ya serikali yake na akaja kuadhibiwa kwa hilo. Wakafika Lisbon. Wakanunua viza za Chile. Wakapanda meli ya Quanza, wakavuka bahari mpaka Mexico, na kule ikagundulika viza za Chile ni feki. Hawana kwao, hawana waendako. Mwishowe Kanada ikawapa hati za muda za kusafiria, na kwa hizo wakaingia Marekani.

Na Paris? Paris sura yake ilikuwa imebaki. Wanazi waliichukua picha ya Dalio wakaipiga chapa kwenye mabango wakayabandika mitaani, ili raia wajue Myahudi anafananaje. Fikirini hilo. Mtu ametumia miaka kuifunza sura yake kucheka, kuogopa, kupenda, halafu inachukuliwa bila ridhaa yake na kubandikwa kama tangazo la mhalifu anayesakwa. Wazazi wake waliuawa katika kambi za Wanazi.

Naomba tukae kimya kidogo hapo. Ahsanteni.

Hollywood nayo ilimpokea. Ilimpokea kama nani? Kama Mfaransa. Yule ambaye Paris ilisema si Mfaransa wa kutosha, alipofika California akawa Mfaransa wa kila shughuli: mwenye hoteli, mhudumu mkuu, padri, hakimu. Unahitaji Mfaransa? Mpigie Dalio. Mimi jambo hili linanichekesha na kuniuma kwa wakati mmoja.

Mwaka 1942 alipata kazi katika Casablanca. Mikono juu waliomwona humo… Naona wachache. Sasa wote mliowahi kuiona filamu hiyo mmemwona! Yeye ni Emil, mwendesha gurudumu la kamari katika klabu ya Rick, mhusika mkuu anayechezwa na Humphrey Bogart. Jina lake halimo kabisa kwenye orodha ya wachezaji inayoonyeshwa kwenye filamu. Miaka 3 kabla yake alikuwa markizi mwenye jumba. Sasa amevaa suti ya mtumishi anasukuma chipu, vile vidude vya kuchezea kamari badala ya pesa.

Na anazisukumaje! Kuna kijana wa Bulgaria, mkimbizi, anacheza kamari pesa za mwisho za kununulia kibali cha kusafiria. Rick anasogea anamwambia aweke kwenye 22. Kisha Rick anamtupia Emil jicho. Jicho moja tu. Emil hajibu, hatikisi kichwa. Gurudumu linazunguka, 22. Rick anasema ziache palepale. Gurudumu linazunguka tena, 22. Kijana ameokoka. Baadaye kidogo Rick anauliza usiku unaendaje, na Emil, kwa sura kavu kabisa, anajibu kwamba zimepungua elfu kadhaa kuliko alivyotarajia. Humphrey Bogart ndiye anayesifiwa kwa wema ule. Lakini mkono uliotenda ni wa nani? Tena mkono wa mtu ambaye yeye mwenyewe alikwama ng'ambo na viza feki.

Na lile tukio la mkuu wa polisi anayefunga klabu kwa sauti kubwa, ati ameshtuka kugundua kwamba humu ndani watu wanacheza kamari. Wakati huohuo mtu anakuja anamkabidhi noti: ushindi wako, bwana. Ni Dalio huyo. Maneno mawili matatu, na bila yeye kichekesho hakipo. Kila nikiona mwanasiasa ameshtuka kwenye televisheni, namtafuta Emil nyuma yake.

Mke wake Madeleine yumo pia. Ndiye yule msichana anayelia huku anaimba wimbo wa taifa la Ufaransa. Machozi yale hayakuwa na haja ya kufundishwa. Na kabla filamu haijamaliza kupigwa, Dalio alikuwa amefungua shauri la talaka. Mkimaliza kuhesabu alichopoteza mtu huyu, mniambie.

Mwaka 1944 alicheza na Bogart tena, To Have and Have Not, mwenye hoteli huko Martinique. Mwaka 1952 yumo kwenye The Snows of Kilimanjaro, filamu yenye jina la mlima wetu, na humo anaitwa nani? Emile! Filamu yenyewe siwasumbui nayo, watu wa Moshi mtasikitika. Mwaka 1954, katika Sabrina, ni baroni mzee aliyekwenda chuo cha upishi Paris, anamtazama binti anayejifunza kupika, suflé yake, chakula cha mayai kinachoumuka, haijaumuka, na anamwambia tatizo: mwanamke mwenye furaha ya mapenzi huunguza, mwenye majonzi ya mapenzi husahau kuwasha jiko. Dakika chache, lakini mjaribu kumsahau.

Na mwaka 1955 Wamarekani walipoifanya Casablanca tamthilia ya televisheni, Dalio alirudi. Safari hii si mwendesha kamari. Alipewa ukapteni, yule mkuu wa polisi mwenyewe. Amepanda cheo bila kuhama kituo!

Uzeeni alipewa kitu ambacho mimi nakiweka jirani kabisa na kile kinanda. Filamu ya Catch-22, mwaka 1970. Yeye ni mzee wa Kiitalia anayekaa kwenye danguro huko Roma, anabishana na kijana wa jeshi la Marekani. Mzee anamwambia Italia itaishi kwa sababu inajua kushindwa. Alipokuwepo Mussolini alimshangilia, walipokuja Wajerumani aliwashangilia, wamekuja Wamarekani anawashangilia. Kijana anachukia: huna haya! Mzee anacheka. Naomba mkumbuke anayecheka pale ni nani, na wazazi wake waliishia wapi. Kicheko kile hakikuandikwa kwenye skripti yoyote.

Miaka mitatu baadaye, 1973, Ufaransa nzima ilikuwa inacheka na vichekesho vya Louis de Funès, Les Aventures de Rabbi Jacob. De Funès ndiye staa: mbaguzi asiyewapenda Wayahudi, anajikuta amevaa ndevu na kofia za rabi, kiongozi wa dini ya Kiyahudi, anayesubiriwa kutoka New York. Ziliuzwa tiketi zaidi ya milioni 7 nchini Ufaransa. Na rabi mwenyewe, yule wa kweli, ambaye watu wanapaswa kumtambua na hawamtambui, ni Marcel Dalio. Sura ileile ya mabango, miaka 30 na zaidi baadaye, katika mji uleule. Safari hii watu walilipa kiingilio kuitazama, na walicheka pamoja nayo.

Alifariki Paris Novemba 1983, siku chache kabla ya kutimiza miaka 84.

Sasa mzee wangu mganga, dada unayedeki, na wewe jambazi. Jumatatu mkipigiwa simu, mtaitwa mganga, mtaitwa dada wa kazi, mtaitwa jambazi. Mimi sina uwezo wa kulizuia hilo, na Dalio hakuwa nao. Ninachowaomba ni kazi moja ya nyumbani. Tafuteni kile kipande cha kamari, mkitazame mara ya kwanza mkimfuata Bogart, mara ya pili mkifunika Bogart kwa kiganja na kumfuata Emil peke yake: macho, vidole, anapopumua. Andikeni mtakachokiona, tukutane tukijadili.

Mwenyekiti, nimekula dakika za watu. Maswali yapo? Kipaza sauti ni kimoja, kianzie huku kwa kina mama.